Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara: Kutathmini Hatari ya Radi na Umeme Katika Majengo kwa Programu ya Kompyuta, Mkoa wa Kigoma

Majibu haya yameandikwa kwa ajili ya wakuu wa shule, waganga wafawidhi, kamati za misikiti na makanisa, wenye nyumba za kulala wageni na mafundi umeme wa Kigoma Ujiji, Kasulu, Uvinza, Buhigwe, Kibondo na Kakonko, ambao wameambiwa kwamba jengo lao linahitaji tathmini ya radi na wanataka kujua ni kitu gani hicho kabla ya kukubali kukilipia. Maswali ni yale ninayoulizwa kila msimu wa mvua unapokaribia. Nimeyajibu kwa urefu pale ambapo jibu fupi lingempotosha mtu.

Programu hizi hufanya nini hasa?

Hufanya hesabu, tena hesabu ambayo mtu mwenye karatasi, kalamu na uvumilivu angeweza kuifanya mwenyewe kwa siku mbili. Msingi wake ni kiwango cha kimataifa IEC 62305, ambacho sehemu yake ya pili inahusu namna ya kupima hatari ya radi kwenye jengo. Kiwango hicho kilitolewa mwaka 2006, kikafanyiwa marekebisho mwaka 2010 na tena mwaka 2024. Programu nyingi zinazotumika bado zimejengwa juu ya toleo la 2010, na mifano yote iliyomo humu inafuata toleo hilo.

Hesabu yenyewe ina vitu vitatu vinavyozidishwa: ni mara ngapi kwa mwaka radi inatarajiwa kulifikia jengo au laini inayoingia ndani yake, radi hiyo ikifika, kuna uwezekano gani wa kuleta madhara, na madhara hayo yakitokea, hasara yake ni kubwa kiasi gani. Jibu hulinganishwa na kiwango kinachovumilika. Kwa uhai wa watu, kiwango hicho ni 0.00001 kwa mwaka, yaani 1 katika 100,000. Jengo likizidi hapo, programu hukuruhusu kujaribu kinga moja baada ya nyingine hadi namba ishuke.

Kwa nini mkoa wetu uhangaike na jambo hili kuliko mikoa mingine?

Kwa sababu ya mahali tulipo. Setilaiti ya TRMM, iliyorushwa mwaka 1997, ilihesabu mimweko ya radi katika ukanda wa joto kwa miaka mingi. Uchambuzi wa takwimu zake uliochapishwa mwaka 2016 uliliweka Ziwa Maracaibo la Venezuela nafasi ya kwanza duniani, na eneo la Kabare, mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, nafasi ya pili. Kabare iko ng'ambo ya ziwa letu, kaskazini-magharibi. Mawingu hayana pasipoti, na mtu yeyote aliyekaa Ujiji usiku wa Novemba akitazama anga la upande wa Kongo likimweka bila kupumzika hahitaji kuelezwa zaidi.

Jambo la pili ni majengo yenyewe. Shule zetu nyingi zimejengwa mahali pa wazi au juu ya kilima, peke yake, zikiwa na paa la bati na watoto wengi ndani saa zile zile za mchana ambazo mvua ya ngurumo hupenda kunyesha. Mwezi Januari 2025, wanafunzi 7 wa Shule ya Sekondari Businda, wilayani Bukombe katika mkoa jirani wa Geita, waliuawa na radi wakiwa shuleni. Kila ninapojaza kisanduku cha idadi ya watu katika programu, huwakumbuka watoto hao.

Tunaomba mfano wa hesabu halisi, usio na maneno mengi.

Chukua jengo la madarasa matatu lenye urefu wa mita 27, upana wa mita 8 na kimo cha mita 5 hadi kwenye kilele cha paa. Sakafu yake ni mita za mraba 216. Programu hailitazami jengo kwa ukubwa huo. Hulizungushia eneo linalofika umbali wa mara 3 ya kimo chake, yaani mita 15 kila upande, kwa kuwa radi inayoshuka ndani ya eneo hilo inaweza kuvutwa na jengo. Eneo hilo linakuwa kama mita za mraba 1,973.

Tuseme, kwa ajili ya mfano tu, kwamba mahali hapo kila kilomita ya mraba hupigwa na radi mara 10 kwa mwaka. Jengo likiwa peke yake kwenye tambarare, litapigwa wastani wa mara 0.0197 kwa mwaka, sawa na mara moja kila miaka 51. Likiwa peke yake juu ya kilima, programu huzidisha kwa 2, na miaka inashuka hadi 25 hivi.

Sasa itazame laini ya umeme. Nguzo zinazotoka kwenye transfoma hadi shuleni zikiwa na urefu wa kilomita 1 kupitia mashambani, kiwango huihesabia laini hiyo mita za mraba 40 kwa kila mita ya urefu, ambazo ni mita za mraba 40,000. Kwa radi zile zile 10, laini itapigwa moja kwa moja mara 0.4 kwa mwaka, yaani mara moja kila miaka miwili na nusu. Hiyo ni mara 20 ya jengo lenyewe, na chochote kinachoipiga laini hiyo kina njia iliyonyooka ya kuingia darasani.

Tuendelee. Wanafunzi 150 wapo ndani kwa saa 1,800 kwa mwaka, hatari ya moto ni ya kawaida, na hakuna kizima moto hata kimoja. Hatari ya moto unaotokana na radi kulipiga jengo inafika kama 0.00002, maradufu ya kinachovumilika. Hatari ya moto unaotokana na radi iliyopita kwenye laini inafika kama 0.0004, ambayo ni mara 40. Ukitundika fimbo juu ya paa ukaacha laini jinsi ilivyo, utakuwa umetumia fedha nyingi na jumla haitakuwa imesogea. Lakini ukiweka kinga ya paa ya daraja la IV, ambalo ndilo la chini kabisa, pamoja na kizuia msukumo wa umeme (kifaa kinachoupeleka ardhini umeme mwingi wa ghafla unaokuja na laini) cha daraja la II pale laini inapoingia, na vizima moto vinavyofanya kazi, jumla inashuka hadi kama 0.0000064. Hapo shule imepita.

Nimeueleza mfano huu kwa kirefu kwa sababu ndipo thamani ya programu inapoonekana. Mtu akisikia neno radi hutazama juu. Hesabu humgeuza kichwa atazame nguzo.

Ile namba ya radi kwa kilomita ya mraba inapatikana wapi?

Hili ndilo swali ambalo mtaalamu anayekufanyia tathmini anapaswa kulijibu bila kigugumizi. Asipoweza, usilipe.

Njia ya zamani ni kuiomba Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania idadi ya siku zenye ngurumo kwa mwaka katika kituo kilicho karibu nawe. Vituo vyake vya hali ya hewa hurekodi ngurumo inayosikika, na toleo la 2010 liliruhusu kugawa idadi ya siku hizo kwa 10 ili kupata makadirio ya radi kwa kilomita ya mraba. Ni makadirio machafu, kwani siku yenye ngurumo moja huhesabiwa sawa na siku yenye ngurumo elfu. Njia ya pili ni ramani za setilaiti, ambazo zinahitaji uangalifu wa aina yake: setilaiti huhesabu kila mmweko, ukiwamo ule unaoruka kutoka wingu hadi wingu bila kugusa ardhi, na hiyo ndiyo mimweko mingi zaidi. Anayeichukua namba ya setilaiti na kuijaza moja kwa moja ameikuza hatari mara kadhaa. Njia iliyo bora ni takwimu za mitambo ya ardhini inayotambua pigo la radi na mahali lilipotua, pale zinapopatikana.

Toleo la 2024 limeongeza jambo lingine la kweli, kwamba mmweko mmoja mara nyingi hugusa ardhi mahali zaidi ya pamoja. Kwa hiyo linahesabu sehemu zinazoguswa badala ya mimweko. Ukipewa ripoti mbili za jengo moja zenye majibu tofauti, uliza kwanza kila moja imetumia toleo lipi.

Mimi hufanya hesabu mara mbili, kwa namba ya chini na kwa namba ya juu ninayoweza kuitetea. Jengo likifeli kwa namba zote mbili, mjadala umekwisha. Likipita kwa moja na kufeli kwa nyingine, namweleza mwenye jengo hivyo hivyo, kwa maandishi.

Ni makosa gani hufanyika zaidi wakati wa kujaza programu?

Vipimo vya futi na mita kuchanganywa. Michoro mingi ya majengo ya zamani, na mafundi wengi wa paa, huzungumza kwa futi. Jengo letu la mfano lina kimo cha futi 16. Ukiandika 16 kwenye kisanduku kinachotaka mita, eneo la jengo linaruka kutoka mita za mraba 1,973 hadi 10,814, zaidi ya mara tano, na programu haitalalamika. Itakupa jibu safi lenye rangi nzuri.

Kosa la pili ni kujaza kutoka kwenye mchoro bila kufika kwenye jengo. Nililifanya mwenyewe miaka ya mwanzo. Nilitathmini kituo kimoja cha afya nikiwa mezani, nikaandika kwamba kebo ya umeme imepita chini ya ardhi kama mchoro ulivyoonyesha, kwa hiyo programu ikaipunguzia uzito. Nilipofika kukagua kazi nyingine nilikuta waya umetoka kwenye nguzo, umepita juu ya mti wa mpera, umeingia kwa kubanwa chini ya bati, na pale ulipounganishwa umezungushiwa karatasi ya nailoni iliyoyeyuka na kuganda kama nta ya mshumaa. Jokofu la chanjo lilikuwa limeungua msimu uliotangulia. Ripoti yangu ilikuwa imesema kwamba laini ni salama. Tangu siku hiyo sijazi kisanduku ambacho jicho langu halijakiona.

Mengine nitayataja kwa ufupi: kuandika idadi ya wanafunzi waliosajiliwa badala ya wanaokuwamo darasani kwa pamoja, kusahau laini ya simu au waya wa king'amuzi, na kuhesabu vizima moto vilivyokwisha muda wake kana kwamba vipo.

Jengo letu limezungukwa na miembe mirefu. Si tayari tuna kinga?

Programu hukubali kwamba jengo lililozungukwa na vitu virefu zaidi hupigwa mara chache, na hulipa uzito wa 0.25 badala ya 1. Hiyo ni haki kwa majengo mengi ya Ujiji yaliyo chini ya miembe mikubwa. Lakini neno ni kuzungukwa. Mwembe mmoja upande wa mashariki haujalizunguka jengo, na ukijaza 0.25 kwa sababu yake umejidanganya.

Kuna jambo ambalo kisanduku hicho hakilioni. Radi ikipiga mti ulio karibu mno na ukuta, inaweza kuruka kutoka kwenye shina hadi kwenye bati au nondo za dirisha, kwa sababu chuma ni njia rahisi kuliko mti mbichi. Na mkondo unaposambaa ardhini kupitia mizizi, mtu au ng'ombe aliyesimama hapo hupata tofauti ya nguvu ya umeme kati ya mguu na mguu. Ndiyo maana ng'ombe, ambaye miguu yake ya mbele na ya nyuma imeachana sana, hufa pale ambapo mchungaji pengine amepona. Kwa hiyo benchi la wanafunzi chini ya mwembe liondolewe wakati wa mvua, hata kama programu imeupa mwembe huo sifa.

Paa la bati huvuta radi?

Hapana. Radi hufuata kimo na mahali palipo wazi. Haichagui bati ikaacha nyasi. Kwa kweli nyumba ya nyasi ni hatari zaidi kwa sababu huwaka moto papo hapo.

Tatizo la bati letu ni jingine, nalo ni la aina mbili. Kwanza ni jembamba. Kiwango kinakubali paa la chuma litumike lenyewe kama kipokeo cha radi likiwa na unene wa angalau nusu milimita, mradi kutoboka kwake hakutaleta madhara na hakuna kitu cha kuwaka moto chini yake. Bati la geji 30 lililozoeleka halifikii hapo, na chini yake kuna kenchi za mbao. Pili, bati hilo limekaa juu ya mbao na tofali bila kuunganishwa na ardhi. Radi ikilipata, hutafuta njia yake yenyewe ya kushuka, na njia iliyo karibu mara nyingi ni waya wa taa, fremu ya dirisha au mtu aliyeegemea ukuta. Ukiona bati katika jengo, usiulize kama lipo. Uliza limeunganishwa na nini.

Shule yetu ilifungiwa mtego wa radi zamani. Bado tunahitaji tathmini?

Mnahitaji, na muanze kwa kwenda kuutazama. Jina hilo la mtego limezoeleka, ingawa linawafanya watu wadhani kwamba kifaa hicho huikamata radi na kuimaliza. Kazi yake ni kuipokea na kuipeleka ardhini kwa njia iliyopangwa. Njia ikikatika, fimbo ya juu inabaki mwaliko usio na mlango wa kutokea.

Katika shule moja wilayani Kasulu, ambayo haina haja ya kutajwa, fimbo ilikuwa imesimama wima juu ya paa, inang'aa, na kila mzazi aliyepita aliiona akaridhika. Waya wa shaba ulishuka vizuri kwenye ukuta hadi usawa wa kichwa cha mtu mzima. Hapo uliishia, umekatwa kwa msumeno, ncha yake imegeuka kijani. Chini yake palikuwa na vishikizo vitatu vitupu, na katika kimoja nyigu walikuwa wamejenga. Shaba iliuzwa kama chuma chakavu, na hakuna aliyejua ni lini. Programu ina kisanduku cha daraja la kinga, na mtu wa mezani angejaza daraja la III na kuishusha hatari hadi sehemu ya kumi.

Kwa sababu ya wizi huo, nashauri waya unaoshuka uwe wa aluminiamu au chuma cha mabati chenye eneo la mkato lisilopungua milimita za mraba 50, kila mahali ambapo shaba haina ulinzi. Sehemu inayogusana na udongo iwe ya chuma cha mabati au shaba, kwani aluminiamu haifai kuzikwa. Kinachobaki ukutani kwa miaka 20 ni bora kuliko kinachosifiwa kwenye vitabu.

Je, programu huangalia pia hatari za umeme wa kawaida, mbali na radi?

Programu ya radi haiangalii. Zipo programu nyingine za kukokotoa saketi, upungufu wa nguvu ya umeme kwenye waya mrefu, na uwezo wa breka kukata hitilafu inapotokea. Nashauri tathmini zote mbili zifanyike siku moja, kwa kuwa mtu mwenye ngazi na vipimo ameshafika.

Hesabu moja ya namna hii kila fundi aijue. Nyumba ina fimbo yake ya ardhini, au ethi kama mafundi wanavyoiita, yenye ukinzani wa ohm 20, ambao si mbaya kwa udongo mkavu. Waya wa moto umegusa mwili wa jokofu. Umeme ni volti 230, kwa hiyo mkondo unaokwenda ardhini ni 230 kugawa kwa 20, sawa na ampea 11.5. Breka ni ya ampea 32. Haitakata kamwe, na jokofu litabaki limebeba umeme likimngoja mtoto aliyetoka kuoga. Kifaa kinachokata umeme unapovuja, chenye kipimo cha miliampea 30, kingekata hitilafu hiyo papo hapo, hata ukinzani ungekuwa mamia ya ohm. Kati ya yote ninayoyapendekeza katika ripoti zangu, kifaa hicho ndicho kinachookoa uhai kwa gharama ndogo kuliko vyote, na ndicho kinachoachwa kwanza fedha zikipungua. Inaniumiza kila ninapokiona kimefutwa kwenye bajeti.

Ukinzani wa ardhi upimwe lini?

Agosti au Septemba, kabla ya mvua. Udongo ukiwa umelowa utakupa jibu la kupendeza ambalo halitadumu. Kwa kinga ya radi, kiwango hupendekeza ohm zisizozidi 10. Kwenye miinuko ya changarawe huenda fimbo moja isitoshe, na hapo huzungushwa waya au bapa la chuma kulizunguka jengo zima chini ya ardhi. Ethi ya radi na ethi ya umeme ziunganishwe pamoja. Kuzitenganisha, kama baadhi ya mafundi wanavyofundishana, ni kukaribisha cheche iruke kati yake.

Tunatumia sola peke yake, hatuna laini ya TANESCO. Tumeepuka?

Mmeepuka sehemu kubwa ya hesabu, maana ile kilomita ya nguzo haipo. Lakini paneli zipo juu ya paa, fremu zake ni za chuma, na nyaya zake zinashuka hadi kwenye betri ndani ya jengo. Fremu ziunganishwe na ardhi, nyaya zile mbili zishuke zikiwa zimebanana, na kizuia msukumo kiwe cha umeme wa sola. Cha umeme wa kawaida hakifai hapo.

Muuzaji ametuambia fimbo yake moja ya kisasa hulinda mtaa mzima. Ni kweli?

Zipo fimbo zinazodaiwa kuiwahi radi kabla haijashuka, na Ufaransa ina kiwango chake kinachozihusu. IEC 62305 haizipi eneo kubwa la ulinzi kuliko fimbo ya kawaida yenye kimo kile kile. Ninapochora eneo linalolindwa, ninafuata kanuni ya mpira unaobingirishwa juu ya jengo: nusu kipenyo cha mita 20 kwa daraja la I, 30 kwa la II, 45 kwa la III na 60 kwa la IV. Pale mpira unapogusa, radi inaweza kugusa. Mwombe muuzaji achore mpira huo mbele yako.

Wazee wetu wanasema radi hutumwa na mtu. Mnawajibu nini?

Nawasikiliza, kwa sababu anayesema hivyo mara nyingi amezika mtu. Namweleza kwamba chochote anachoamini kuhusu ilikotoka, ikifika duniani hupita kwenye chuma kilichounganishwa vizuri kuliko kwenye mwili wa mtu, na hilo tunaweza kulifanyia kazi pamoja. Sijawahi kufukuzwa kwa jibu hilo. Ninachokataa ni jirani kutuhumiwa. Radi ikipiga nyumba ile ile mara mbili, nenda kapime kimo chake na uangalie kama imesimama peke yake kilimani; mara nyingi jibu liko hapo.

Kuhusu kufunika vioo na kuvua nguo nyekundu, havimdhuru mtu, lakini havimkingi. Kinachomkinga ni kuondoka uwanjani na majini mapema. Wavuvi wa dagaa wahesabu sekunde kati ya mmweko na ngurumo: kila sekunde 3 ni kama kilomita 1. Zikifika 30 au pungufu, hatari imekaribia, na baada ya ngurumo ya mwisho wangoje dakika 30.

Nani anaruhusiwa kutufanyia kazi hii?

Tathmini isainiwe na mhandisi wa umeme aliyesajiliwa na Bodi ya Usajili wa Wahandisi. Ufungaji wa umeme ufanywe na fundi mwenye leseni ya EWURA ya daraja linalolingana na kazi. Kwa mahali pa kazi, OSHA na Jeshi la Zimamoto na Uokoaji wana ukaguzi wao, na ripoti nzuri huwasaidia wote. Mtu yeyote anaweza kupakua programu na kuchapa karatasi yenye nembo. Kwa hiyo dai kuonyeshwa ukurasa wa namba zilizojazwa, si ukurasa wa majibu peke yake.

Tathmini irudiwe baada ya muda gani?

Hesabu irudiwe jengo linapobadilika: ghorofa ikiongezwa, mnara ukisimikwa jirani, miti ikikatwa, laini mpya ikiingia. Vifaa vyenyewe vitazamwe kwa macho kila mwaka kabla ya Oktoba, na kila baada ya radi inayojulikana kulipiga jengo.

Tuandae nini kabla hamjafika?

Michoro kama ipo, bili au namba ya mita ya LUKU ili tufuatilie laini hadi kwenye transfoma, idadi ya watu wanaokuwamo kwa kila chumba na kwa saa ngapi, na orodha ya vifaa vilivyowahi kuungua pamoja na mwezi vilipoungua. Awepo mtu anayelifahamu jengo tangu lilipojengwa. Mara nyingi huyo ni mlinzi au mpishi, naye hujua waya umepita wapi kuliko ofisi. Tunahitaji pia ngazi inayofika kwenye kenchi na ufunguo wa chumba cha meni swichi, ambao katika majengo mengi niliyokwenda ulikuwa kwa mtu aliyesafiri.